Shimo la Nyongo la Nakiru

Mwaka ule wa 2013 macho ya Nakiru yaligeuka manjano kama ua la mgunga. Alikuwa muuza makaa wa Kakuma, mtu wa jua na vumbi, akadhani ni jua tu limemwingia. Mkojo ulipokuwa kama chai ya rangi ndipo akapanda gari la Lodwar.

Hospitalini daktari akamwambia vijiwe vimeziba njia ya nyongo. Akamtia ganzi, akapitisha sindano ndefu katikati ya mbavu mpaka ini, akaacha mrija mwembamba wenye mfuko wa plastiki mwishoni. Nyongo ya kijani ikashuka polepole mfukoni, Nakiru akiitazama kama anayeota.

"Mfuko ukae chini kuliko mwili," daktari alisema. "Macho yakiwa meupe, urudi tukupasue. Yakibaki hivi, upasuaji utakuua."

Nyumbani, mchana, aliufunga kiunoni. Lakini usiku alilala juu ya ngozi ya ng'ombe, chini kabisa, na mbwa wake alikuwa mlafi. Kwao maziwa na mafuta hutundikwa mbwa asifike. Basi mfuko nao akautundika juu, karibu na kibuyu. Akaota mto Tarach umejaa, maji yakirudi milimani.

Kukicha mfuko ulikuwa mtupu. Siku zikapita hivyo, ngozi ikaanza kumwasha upya.

Achol, mkimbizi wa Sudan Kusini aliyezoea kununua makaa kwake, akaja na gunia, akamsalimu kwa Kiturukana, kwa jina la mwanawe.

"Ejok, mama Ekwam. Macho imerudi manjano."

"Ejok. Nyongo imekataa kutoka usiku."

Achol akachungulia ndani. "Nani ameweka mfuko huko juu?"

"Mimi. Si ni kwa sababu ya huyu mbwa."

"Na wewe unachimba maji kila siku. Umeona wapi maji inapanda mti?"

Nakiru akacheka, huku ameshika mbavu.

Jioni akachimba shimo kando ya ngozi yake ya kulalia, kama wanavyochimba maji kwenye mchanga wa Tarach, pole pole, ukuta usiporomoke. Akaushusha mfuko, akafunika kwa kikapu, jiwe juu. Akalala akihisi kitu kikiteremka ndani yake, kama mto unaotembea chini ya mchanga wakati juu ni pakavu.

Asubuhi mfuko ulikuwa mzito. Mbwa alikuwa amejikunja kando ya kikapu, amekata tamaa.

Migunga ilipomaliza kupukutisha maua, Achol alimvuta kope. "Sasa nyeupe. Enda Lodwar."

Nakiru hakulifukia shimo. Aliliwekea miiba juu, kama afanyavyo mtu atakayerudi kwenye kisima chake.