Saini ya Mwalimu Masanja

Leo mahakamani Nyamagana nimeona mtu akipoteza gari lake kwa saini yake mwenyewe.

Maofisa wa usafirishaji walikamata vyombo viwili vya usafiri Pasiansi siku moja, kwa madai ya kubeba abiria bila kibali: kirikuu, kigari cha mizigo, cha Mwalimu Masanja na bajaji ya jirani yake, Kulwa.

Hakimu amesema wazi kwamba ofisa hawezi kumtoza mtu faini wala kutaifisha chombo chake bila mahakama, isipokuwa mwenyewe amekiri kosa kwa maandishi.

Kulwa hakusaini kitu. Amerudishiwa bajaji.

Mwalimu alisaini. Alidhani ni karatasi ya kuonyesha gari limepokelewa (kumbe ni ya kukiri kosa). Kirikuu alichonunua kwa kiinua mgongo chake chote kinapigwa mnada.

Nje, Kulwa akawasha bajaji. "Mwalimu, panda nikufikishe nyumbani."

Hakupanda.

Nikamuuliza: umefundisha watoto kusoma maisha yako yote, kwa nini hukusoma?

"Yule ofisa aliniamkia, mwanangu. Kijana akikuamkia kwa adabu vile, utamwambiaje asubiri usome kwanza?"

Ninyi mngemjibu nini?