Ziwa Lenye Bata Watatu

Mjini Rumonge ilisemwa kwamba kamusi ya picha ya kwenye simu humfundisha mtu Kiingereza kwa mwezi mmoja. Ni nani aliyefundishwa hivyo, hakuna aliyeweza kunionyesha. Binti yangu wa mwisho aliamini. Alikuwa akitafuta kazi ya ualimu katika shule moja ya binafsi, na zilibaki siku mbili ahojiwe kwa Kiingereza. Nafasi ya namna hiyo hapa kwetu haiji mara mbili.

Asubuhi alinisomea sentensi zake barazani. Mimi niliyefundisha lugha miaka mingi kwa ubao na chaki nilimsikiliza kwa uvumilivu mdogo. Alisema kwamba alizaliwa Gatete, kando ya "sea". Nikamwambia hiyo ni bahari. Sisi tuna ziwa, yaani "lake".

Akanigeuzia simu. Penye "lake" palichorwa kidimbwi cha buluu, bata watatu, na ng'ambo yake benchi, karibu kiasi cha kuifikia kwa jiwe. Penye "sea" palikuwa na mawimbi, mchanga, mitumbwi na maji yasiyo na mwisho.

"Papa, tazama mwenyewe. Tanganyika iko wapi hapa?"

Nilitazama. Mchoraji, ambaye bila shaka hajawahi kuona ziwa linalostahili jina hilo, alikuwa amemfundisha mwanangu uongo kwa rangi nzuri. Nikamfungulia kamusi yangu ya karatasi. Akaniuliza picha yake iko wapi. Nilifunga kitabu, nikamwamuru anifuate ufukweni. Tulipita kati ya wanawake wanaoanika ndagala, dagaa wa ziwa letu, nikamwambia achote maji kwa kiganja, aonje. Mwanamke mmoja akauliza kama kwa mzee chai imekwisha.

"Chumvi iko?" nilimuuliza binti yangu.

"Hapana, Papa."

"Basi usiniletee bahari nyumbani."

Siku ya mahojiano waliulizia alikozaliwa. Alijibu "lake", akaeleza na sababu ya kutoiita bahari, na kazi akaipata.

Nilifurahi, nakiri. Lakini wiki ileile ilienea habari kwamba ni simu iliyomfundisha, naye hakuikanusha. Majirani wawili wakaja kuniuliza kamusi hiyo inaitwaje. Niliwajibu kwamba sijui, ila maji ya ziwa yapo palepale, waende wakayaonje. Walinishukuru kwa adabu, kisha wakaenda kumuuliza yeye.