Tulikata migomba ili barabara ije haraka, ikapita kwa wengine

Habari za muda huu, wakuu. Hili limenikaa kooni miaka mingi, na kila nikisikia mtu anasema wananchi ndio wanaochelewesha miradi, linapanda upya. Naliandika lilivyotokea, sijatia chumvi.

Kwetu ni Kamuli, Kyerwa, enzi hizo yote ikiitwa Karagwe. Miaka ya themanini gari la kwenda Nkwenda lilikuwa hadithi, mgonjwa alibebwa kwa machela begani.

Kwa hiyo wapima barabara walipopigilia vigingi kwenye kibanja chetu, yaani shamba la migomba linalozunguka nyumba, tulifurahi sana.

Kwenye mkutano ofisa wao akasema kijiji kitakachosafisha njia mapema ndicho kitakachoanza kupata katapila.

Sasa vigingi vilipita nyuma ya nyumba, mahali palipokula samadi na majani tangu enzi za babu. Hapo ndipo penye chakula chenyewe.

Mama akasema, "Baba Deo, tungoje hilo katapila tulione kwanza." Deo ndiye mimi.

"Tukingoja watatupita," mzee akajibu.

Akakata migomba yote ya ukanda huo wa vigingi. Mikungu michanga tukawapa mbuzi.

Katapila halikuja. Masika yakapita, vuli ikapita. Mama akapanda maharage kwenye ule ukanda, angalau tupate kula. Mtu wa serikali ya kijiji akaja akayang'oa yakiwa na maua. Eti eneo la mradi! Magugu yaliruhusiwa, maharage hapana. Hapa huwa napandwa na hasira mpaka leo.

Kilichofuata ni aibu. Kwetu mwenye kibanja hanunui ndizi. Mama akawa anatoka alfajiri kwenda sokoni Nkwenda kununua mkungu, na kurudi anapita njia za pembeni asikutane na wanawake wenzake. Aliishi hivyo miaka.

Miaka ya tisini wakaja wapima wengine. Vigingi vipya vikapita ng'ambo ya kilima, na huko ndiko barabara ilikokuja kupita. Kijana wao mmoja akaingia kwetu kuomba maji, akaamkia vizuri tu, "Shikamoo mama." Mama akaitikia, akamuuliza habari za vigingi vyetu.

"Vile vilikuwa vya majaribio, mama. Njia ilibadilishwa zamani sana."

Mama akampa maji, akamngoja anywe.

"Kama mlibadilisha zamani, maharage yangu mlikuwa mnayang'olea nini?"

Kijana akarudisha kikombe. Maskini, wala si yeye aliyeng'oa.

Sipingi barabara, wakuu, tuliitaka kuliko mtu yeyote. Nilichojifunza ni kwamba haraka ya mradi ianzie ofisini. Amueni njia inapita wapi na hela ipo au haipo, ndipo mguse mgomba wa mtu. Na mkibadilisha, rudini mseme.

Mliowahi kuwekewa vigingi, semeni yenu. Na mliofanya kazi kwenye miradi hii, nijibuni bila kuzunguka: kumwambia mama yangu "panda tu, hatupiti tena hapa" kulihitaji bajeti gani?