Hukumu ya Magunia Mawili

Donatille Nyiramahirwe alikuwa na miaka kumi na tisa askari walipomkamata kwenye njia ya Munigi na magunia mawili ya makala, miti yake imekatwa ndani ya hifadhi. Vita vilikuwa vimemtoa Masisi pamoja na mama yake, na kambini Lac Vert chakula hakikutosha. Tribunali ilimpa miezi mitatu ya kifungo. Aliimaliza, akatoka, akajifunza kuzalisha wajawazito.

Miaka minane baadaye kituo cha afya huko Mapendo kikamtaka. Ila kila mfanyakazi alipaswa kuleta karatasi ya kasie, inayoonyesha kama mutu amewahi kuhukumiwa. Avoka mmoja, Maître Patricia, aliyewatetea wakimbizi mahakamani bila malipo, akaomba hukumu ile ifutwe. Wakapewa siku: Alhamisi, saa tatu asubuhi.

Jumatatu ya juma hilo risasi zikaingia mjini.

Ziliponyamaza, Donatille alikwenda moja kwa moja tribunali. Mlango haukuwepo. Mafaili yalikuwa yametapakaa barabarani, mengine yameungua nusu. Akapiga magoti, akasoma jina moja moja. Lake halikuwepo. Patricia alikuwa amevuka mpaka, na simu yake haikuita.

"Si ndiyo ulikuwa unataka?" jirani yake Bibiche akamuuliza. "Faili imeungua. Uko safi."

"Safi kwa nani?"

Siku tatu alitembea hadi karibu na kituo, akageuka njiani. Siku ya nne akaingia. Mkuu wa kituo, Papa Constant, akampa fomu. Tribunali imefungwa, alisema, kwa hiyo kila mutu ajiandikie mwenyewe kama amewahi kuhukumiwa.

"Mama, andika hapo: hakuna. Majeruhi wamejaa, siwezi kungoja."

Donatille akachukua bic, akajaza jina lake. Kisha akaandika: Nilifungwa miezi mitatu, sababu ya makala.

Constant akasoma mara mbili. "Mbona unajiharibia? Nani angejua?"

"Mimi, Papa. Kila mutu ambaye angeingia hapa na faili mkononi, ningewaza anakuja kunikamata."

"Rudi nyumbani. Nitakuita."

Nyumbani hakukalika. Alifua nguo zilizokuwa safi, akatoka barabarani, akarudi, akamuuliza Bibiche kama kuna aliyepita. Siku ya tano mlinzi wa kituo akaja mbio: wanawake watatu wameshikwa na uchungu kwa wakati mmoja, na muzalishaji ni mmoja tu. Donatille alikwenda bila kubadilisha kitenge. Watoto wote watatu walilia vizuri.

Constant akamwambia aje tena kesho. Mkataba hakumpa; juu ya fomu yake aliandika tu: anangoja tribunali.

Miezi mitatu baadaye Maître Patricia alipiga simu kutoka Kampala. Ombi la kufuta hukumu, alisema, litaanza upya waamuzi wakirudi.

"Watarudi lini, Maître?"

"Sijui, mama."

Donatille alipiga tena juma lililofuata, akauliza swali lilelile.