Mjomba Kobelo Aliporudi Kudai Paswedi

Sikuombi uniamini. Walioniambia kwamba niliota ni wengi, na hakuna hata mmoja wao aliyewahi kukaa chumba kimoja na mtu aliyemzika. Mimi nimekaa. Ilikuwa Mafiga, hapahapa Morogoro, saa za magharibi, mvua inanyesha, na macho yangu yalikuwa wazi kama yalivyo sasa. Kama una shughuli nyingine, kaifanye. Kama huna, sikiliza mpaka mwisho, maana mwisho unakuhusu wewe.

Mjomba wangu Kobelo, mdogo wake mama, alikuwa fundi umeme wa kiwanda cha nguo. Kiwanda kikabinafsishwa, mwenye mali mpya akapunguza watu, na mjomba akawa mmoja wa waliopewa kiinua mgongo na kuonyeshwa geti. Wenzake walinunua bati, wengine baiskeli, mmoja akaoa mke wa pili. Yeye alipanda basi pale Msamvu akaenda Dar, akarudi na kompyuta zilizokwisha kutumika Ulaya. Akazipanga kwenye chumba cha mbele cha nyumba yake na mlangoni akaandika kwa rangi nyekundu: GEMU. Mtaa mzima ukamcheka. Akawajibu kwamba soko huria ndilo hilo walilokuwa wakilisikia redioni, kila mtu auze anachokijua.

Mimi ndiye niliyemsaidia tangu siku ya kwanza. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, sina kazi, na nilizijua zile kompyuta kuliko wateja wote wa kiume waliokuja kujidai mbele yangu.

Sasa nikueleze jambo moja, la sivyo hutaelewa kilichofuata. Kuna kampuni ya huko nje inayotengeneza gemu, nayo ilifungua duka lake ndani ya kompyuta. Hakuna sidii, hakuna boksi. Unafungua programu yao, unaandika jina lako na neno la siri, na gemu zako zote unazikuta zimepangwa humo. Ukinunua, umenunua. Lakini umenunua kwa jina lile ulilojiandikisha nalo, na ukitaka kucheza kwa mtandao, jina moja haliwezi kuwa kwenye kompyuta mbili kwa wakati mmoja. Akiingia mwingine kwa jina lako, wewe unatupwa nje. Ndiyo maana kwetu kompyuta moja tu ilikuwa mtandaoni, nyingine zilicheza bila mtandao. Mjomba alijiandikisha Kobelo. Mimi nilijiandikisha kwa jina langu, bure, ili anione kati ya marafiki zake. Ukiwa ndani, kando ya jina lako inawaka taa ndogo ya kijani, na mwenzako anajua upo.

Wateja walipenda mpira. Mjomba alipenda gemu la kujenga mji. Kila jioni alikaa kwenye kompyuta ya dirishani, ile inayotazama mlima, akijenga kwa vidole viwili. Mji wake ulikuwa chini ya milima, una mto, na ng'ambo ya mto alianza kujenga kiwanda. Alikuwa hajamaliza daraja la kuwavusha wafanyakazi. Niliwahi kumwuliza kwa nini kiwanda, ilhali kiwanda kilimtupa. Akasema, "Hiki hakifungi mtu mwingine, binti yangu. Hiki nitakifunga mwenyewe nikitaka."

Alikufa kwa presha, ghafla, mchana wa Ijumaa. Tulimpandisha Towero, tukamzika kwenye udongo mwekundu wa kwao. Siku chache kabla alikuwa ameniambia, akicheka, kwamba siku akiondoka chumba kile na vilivyomo ni vyangu. Mama alisikia. Mjomba Mwinshehe, kaka yao mkubwa, mkuu wa ukoo, akasema yeye hakusikia.

Kwetu Waluguru, mtoto ni wa ukoo wa mamaye. Na mtu akifa, jina lake linalazwa. Halitumiwi wala haliitwi, mpaka ukoo ukae na kumteua mmoja wa watoto wa dada zake, umketishe mkekani na umpe lile jina. Anayepewa anakuwa yeye. Hadhi yake ni hadhi ya marehemu, mji wa marehemu ni wake, na marehemu anapumzika kwa sababu nafasi yake imepata mtu. Jina lisiporithiwa, mwenyewe anabaki nalo mkononi, anazunguka nalo.

Arobaini ikapita, jina la Kobelo likaendelea kulala. Mjomba Mwinshehe alitaka arithi mwanamume. Wanaume waliokuwapo ni wana wa mama mdogo, wanaolima mpunga Dakawa, na wale jina hawakulitaka. Waliogopa majukumu yake. Basi, tusubiri, akasema mkuu wa ukoo. Tusubiri nini? Na mimi nile nini? Nikafungua chumba. Na kufungua chumba maana yake nini? Maana yake kila asubuhi niliketi na kuandika kwa mkono wangu jina la maiti ambalo halijapata mrithi. Leo ningelifanya tena. Mtu anayesema ningeacha zile kompyuta zioze, hajawahi kulala na njaa.

Haikuchukua muda nikaanza kutupwa nje. Chumba kimejaa, watu wanashangilia, mara maandishi yanatokea kwenye kioo: akaunti hii inatumika mahali pengine. Narudi, natupwa. Wateja wakaanza kunung'unika. Nikajua kuna mwizi, kijana fulani amechungulia nyuma ya bega langu nikiandika neno la siri. Kilichonishangaza ni mji. Mwizi gani huiba akaunti yenye gemu za mpira, halafu anashinda akijenga mji wa mtu mwingine? Maana ule mji ulihifadhiwa hukohuko kwenye duka la mtandaoni, na nilipoufungua nilikuta daraja limekamilika. Wafanyakazi walikuwa wanavuka, na kiwanda kilikuwa kinatoa moshi.

Niliogopa, sikatai. Lakini hasira zilikuwa nyingi kuliko hofu. Nikabadilisha neno la siri.

Kutupwa nje kukakoma. Wiki hiyohiyo, jioni moja, mvua kubwa ikashuka kutoka mlimani, umeme ukakatika Mafiga yote na wateja wakakimbilia makwao. Nilikuwa nafunga madirisha. Nikageuka, nikaona kompyuta ya dirishani imewaka. Umeme hamna, naye kaketi mbele yake.

Alikuwa amevaa ovaroli la bluu la kiwandani. Mgongo ule niliujua, na vile vidole viwili nilivijua. Niamini, kitu kilichonitisha zaidi kilikuwa mwanga. Kioo kilikuwa kinawaka usoni mwake kabisa, lakini uso haukupokea mwanga wowote. Ulibaki giza.

Unajua nilifanya nini? Nilimsalimia. Adabu ya mtoto haina akili.

"Shikamoo, mjomba."

Hakuitikia. Wazee wanasema maiti haitamki marahaba, na ni kweli. Aliendelea kubonyeza, kioo kikaendelea kumkatalia. Halafu akasema, kwa sauti yake ileile, "Umebadilisha."

"Nimebadilisha."

"Nipe paswedi."

Hapo ndipo nilipoelewa, na nataka uelewe na wewe. Nikimpa, nimempa marehemu kwa mkono wangu kitu cha kumshikilia duniani. Hatalala milele. Na chumba, ambacho ndicho maisha yangu, kitakuwa chake mpaka mwisho wa dunia, mimi nikiwa mlinzi wa mlango. Akageuza kiti. Maji ya mvua yalikuwa yanatiririka kwenye viatu vyake, yakichora njia nyekundu sakafuni.

"Nipe," akasema, "au njoo tukae wote. Nafasi ipo."

Akasogeza kiti cha pili kando yake. Sijawahi kuona kiti kikivutwa bila kutoa sauti tangu siku ile. Na miguu yangu, wallahi, ilianza kwenda. Si kwa hiari yangu. Ilikwenda kama inavyokwenda ukiitwa na mkubwa wako. Nilishika fremu ya mlango kwa mikono miwili na nikaona kucha zinakwaruza mbao.

Basi nikapata hasira ambayo sijui ilitoka wapi. Nikamwambia, "Sikupi. Na sikai. Umeniachia chumba hiki kwa mdomo wako, mama akisikia. Leo unarudi kudai nini?"

"Jina langu."

"Jina hilo nalirithi mimi."

"Wewe mwanamke."

"Na wewe ulilipataje? Si lilipita tumboni mwa mwanamke? Bibi alikuzaa wewe, akamzaa mama, mama akanizaa mimi. Niambie, mjomba, ni wapi katika njia hiyo pamepita mwanamume?"

Mvua ilikuwa inapiga bati hadi sisikii pumzi zangu. Nikaona miguu yangu imetulia. Alitazama kioo, kisha akauliza kwa sauti ndogo, ya mtu aliyechoka, "Na kiwanda?"

Nakwambia, pale moyo wangu ulipasuka. Nilikuwa nimemwogopa kama mzimu, kumbe ni mjomba, anaulizia kazi yake.

"Sitakifunga," nikamwambia. "Sitampunguza mtu hata mmoja."

Kioo kikazima. Nilipowasha tochi ya simu, kiti kilikuwa kitupu, na sakafuni palikuwa na udongo mwekundu wa Towero, mbichi. Mafiga hatuna udongo ule.

Kesho yake, kabla ya jua, nilipanda mlima. Nilimkuta Mjomba Mwinshehe barazani anakunywa uji, nikamwamkia, nikamweleza yote. Akasema nimechanganyikiwa. Akasema jina la mwanamume halikalishwi kwa mwanamke, watu watatucheka mpaka Matombo. Nikamwambia, "Basi leo jioni nenda wewe ukakae naye. Kiti kipo, amekwisha kukisogeza."

Alitua kikombe. Kabla hajajibu, mama, anayeishi hapohapo Towero, alitoka ndani na mkeka. Mama yangu si mwanamke wa maneno mengi. Aliutandika katikati ya ua, akaniketisha, akaninyunyizia unga kichwani na kunifunika kitambaa cheupe. Akamgeukia kaka yake. "Haya, ita. Usipoita wewe, naita mimi, na mimi ndiye niliyezaliwa nyuma yako."

Mjomba Mwinshehe alisimama, akatoka mpaka kwenye migomba. Tukadhani ameondoka. Akarudi, uso umemvimba, akaita jina la Kobelo upande wangu. Ilibidi aite tena. Nikaitika.

Tangu siku ile mama ananiita kaka. Wale wa Dakawa, wenye ndevu zao, wakija mjini wananiambia "Shikamoo, mjomba," nami nasema marahaba bila kucheka. Harusi zao nakaa mbele na wazee. Kuna watu walinicheka, ndiyo, mpaka Matombo. Wamechoka.

Chumba nilikifunga baadaye, simu janja zilipoingia na kila mtu akawa na gemu mfukoni. Lakini kompyuta ya dirishani ninayo, na lile duka la mtandaoni bado lipo. Limebadilika rangi na sura mara nyingi, na bado linauliza jina na neno la siri. Kila jioni naandika Kobelo. Sijatupwa nje tena. Kiwanda kinafanya kazi, wafanyakazi wanavuka daraja, na sijapunguza mtu.

Ila liko jambo moja. Nilipochukua jina la mjomba, lile langu la kuzaliwa niliacha kulitumia. Halina mtu. Ile akaunti yangu ya bure sijaifungua tangu siku ya mkeka, na neno lake la siri nimelisahau kabisa. Lakini kuna jioni mvua ikinyesha mlimani, nikiwa ndani ya mji ule, naona kando ya jina langu la zamani taa ya kijani inawaka.

Mara ya kwanza nilipiga yowe. Siku hizi namwachia. Si alisema tukae wote? Nafasi ni hiyo. Nimetwaa jina lake, naye ametwaa langu. Tunakaa jioni kila mtu kwenye akaunti yake, hatusemezani. Ndiyo maana tangu nianze kusimulia sijakutajia jina langu la kuzaliwa. Lina mwenyewe.

Sasa wewe. Najua una simu, na najua ndani yake umebaki na akaunti ya marehemu fulani. Kaka, baba, rafiki. Unaingia humo kwa jina lake, unatazama picha, unacheza gemu zake, unaona haina neno. Ifunge, au nenda kwa wazee wake ukalirithi jina mbele za watu. Na kama utaendelea kuingia hivyohivyo, siku ukitupwa nje usikimbilie kubadilisha neno la siri. Mwenyewe hatakuandikia barua. Atakuja kukuuliza.