Filamu za Wajerumani Jikoni kwa Koko

Wiki iliyopita nilipita mtaa wa New Hope, huku ugenini, kumpelekea rafiki kiti cha mtoto, nikajikuta nimepunguza mwendo mbele ya yale maghorofa tuliyofikia tulipotoka Kongo. Ndugu yangu, kama uliwahi kukaa pale miaka ile, utakumbuka korido zilivyonukia: mchana sabuni ya kufulia, jioni sombe, yale majani ya muhogo, na dagaa.

Nilikuwa na miaka kumi na mitano. Mwalimu wa historia alituonyesha filamu fupi ambazo serikali ya Wanazi wa Ujerumani ilitengeneza wakati wa vita: tanuri zinawaka, nyundo zinagonga, wafanyakazi wanatabasamu, kisha bendera. Kazi ya nyumbani ilikuwa kueleza filamu moja inataka uamini nini. Niliirudia jikoni kwenye kompyuta, na nakwambia kweli, ilinikamata. Muziki ule! Hata mimi nilitamani kushika nyundo.

Koko, bibi yangu mzaa mama, alikuwa akisonga bugali. Kijerumani hajui, Kiingereza kidogo. Akaacha mwiko, akainama karibu na skrini.

"Hawa banatengeneza nini?"

"Chuma, Koko. Cha taifa lao."

"Chuma cha kufanya nini?"

Nikatazama tena. Filamu haikusema.

"Mabomu, nafikiri."

"Sasa mbona hakuna hata mumoja mwenye jasho?"

Akaketi, akanisimulia jambo ambalo sikuwahi kulisikia. Kule Kongo, babu alipokuwa mgodini, kampuni ilileta watu wa kamera. Babu akaambiwa aoge, akavalishwa ovaroli mpya, akaambiwa acheke. Baadaye sinema ile ikaonyeshwa kwenye kambi ya wafanyakazi, juu ya shuka jeupe, na sauti ikasema hawa ndio wanaojenga nchi.

"Watu wote walipiga makofi," alisema. "Na mimi nilipiga. Ovaroli waliichukua siku ileile. Nyumbani alikuwa anakohoa damu."

Tulikuja kushtuka bugali umeungua. Niliyaandika maneno yake kwa Kiingereza changu cha kuungaunga. Mwalimu akayasoma polepole mbele ya darasa, na wanafunzi waliokuwa wakiiga gwaride la Wanazi tangu siku ya filamu wakaacha mchezo huo.

Koko hayupo tena, na babu sikumwona kamwe. Vita vilipotutoa kwetu hatukubeba picha hata moja. Kwa hiyo huwa naiwaza ile sinema ya kampuni, kama bado iko kabatini mahali fulani. Najua ni uongo mtupu. Lakini uso uliomo ni wake, na ningetoa chochote niuone ukicheka.