Mechi Kumi na Moja

Mstari ulioninyima usingizi majira yale ya baridi ulikuwa mfupi: "Alikuwa kipa namba moja wa klabu yake kwa misimu saba." Niliuandika mimi. Klabu ilikuwa ya kweli, na misimu saba ilikuwa ya kweli. Hayo maneno mawili, namba moja, niliyaongeza kwa mkono wangu, na Jumatatu asubuhi nikayatuma.

Mtu niliyeandika habari zake alikuwa kocha wangu, Mchecheni aliyekaribia miaka sitini. Kwa misimu mitatu alikuwa akiwafundisha makipa wa klabu yetu ndogo ya magharibi mwa Sydney bila malipo. Sasa klabu ilikuwa imeamua kuajiri kocha mmoja wa makipa, na waombaji walikuwa wawili: yeye, na kijana mwenye vyeti vya ukocha vya hapa hapa. Kila mmoja alitakiwa kupeleka ukurasa mmoja kuhusu kazi yake ya mpira. Kocha aliongea Kiingereza cha kutosha kutukaripia, lakini kukiandika hakuweza.

"Wewe umesoma chuo," aliniambia. "Andika."

Ni kweli nilikuwa nimesoma. Shahada yangu ya mawasiliano niliipokea jikoni kwetu Granville, mbele ya kompyuta, huku mama akipiga vigelegele peke yake mpaka jirani akagonga ukuta. Baada ya hapo nilituma maombi ya kazi hadi nikaacha kuyakumbuka, nikaishia kupanga maboksi kwenye ghala moja Smithfield. Mimi ni mtu wa kusoma barua pepe ya maneno kumi mara kumi nikitafuta mahali nilipokosea. Kumpa mtu kama mimi maisha ya mwenzake ayaandike ni kumtafutia homa.

Ilikuwa lokdauni ya pili ya korona, ile iliyotukalia vibaya sisi wa magharibi. Mazoezi ya timu yalikuwa yamekatazwa. Tuliruhusiwa watu wawili, saa moja, karibu na nyumbani. Basi mimi na kocha tulikutana kwenye uwanja wa kando ya reli, helikopta ya polisi ikizunguka juu yetu kama inatafuta mpira uliopotea. Nilikuwa kipa wa akiba wa timu ya wanawake. Kila aliponifunga, alifanya jambo lile lile: hakunieleza kosa langu. Alinyoosha kidole pale alipopigia.

"Nenda ukasimame pale. Jitazame kwa macho ya aliyekufunga."

Ningetembea hadi pale, naye angekwenda golini kusimama nilivyokuwa nimesimama mimi, na mara moja ningeona lile pengo kwenye nguzo ya karibu, pana kama mlango wa ghala.

Siku ya kuandika tulikaa kwenye benchi, yeye mwisho huu, mimi mwisho ule, barakoa usoni.

"Kocha, tuanze na hesabu. Ulicheza mechi ngapi?"

"Andika magoli kumi na tisa."

"Ulifunga magoli kumi na tisa?"

"Binti, mimi ni kipa. Nilifungwa."

Akaanza kuyasimulia, moja baada ya jingine. La kwanza lilitoka kwenye kona, tope jingi, mguu wa kushoto ukanasa. La nne lilikuwa penalti; aliruka kabla ya mpigaji kuamua. La kumi na moja liligonga mtambaa panya, likampiga mgongoni, likaingia. Alichora kwa njumu ardhini, akifuta kila mchoro kabla ya kuanza mwingine.

"Na mipira uliyookoa?"

"Waulize waliopiga."

"Wako wapi?"

Akacheka kidogo, bila furaha. Akaniambia kwao mtu hajisifu. Ukijisifu, waliokuzunguka wanatazama chini kwa aibu yako. Kama kuna jema la kusemwa juu yako, atalisema mwingine.

Hapo ndipo nilipopotea. Niliona ananipa kazi ya kuwa huyo mwingine.

Mengine niliyapata kwa kuvuta, kama mtu anayetoa kamba kisimani. Alianzia timu ya wafanyakazi wa kiwanda cha mafuta, akachukuliwa na klabu ya mji, daraja la pili, enzi za Wasovieti. Misimu saba. Katika misimu hiyo alicheza mechi kumi na moja tu, maana kipa wa kwanza alikuwa jitu lisiloumwa. "Yule mtu hakuwahi hata kupiga chafya," alisema. Halafu vita. Alitoka mjini na mfuko wa glavu, akafika kwenye mahema ya wakimbizi upande wa pili wa mpaka, akafundisha watoto katikati ya mahema, nguzo za goli zikiwa madumu ya maji.

Nilimwambia na mimi nilizaliwa kambini, Kigoma, wazazi wangu wakiwa wametoka Burundi.

"Mahema yenu yalikuwa rangi gani?"

"Meupe. Baadaye rangi ya udongo."

"Yetu pia," alisema.

Kutoka huko alikwenda Kazakhstan, ambako wazazi wake waliwahi kuhamishiwa kwa nguvu, akafundisha mpira shuleni kwa miaka mingi, mwisho akamfuata dada yake Sydney. Mchana aliunganisha fremu za madirisha kwenye karakana moja Seven Hills, lakini lokdauni ilikuwa imemwachia siku mbili tu kwa wiki. Siku nyingine zote, aliwahi kukiri, alikaa kitandani amevaa viatu mpaka saa yetu ifike. Nilijua klabu ikimchukua yule kijana, kocha hatabaki na saa ya kusubiri.

Ukurasa nilioandika kwanza ulikuwa wa kweli, na ulikuwa unatia huruma. Benchi, vita, mahema, magoli kumi na tisa. Niliusoma kwa macho ya kamati, nikaona wanamchagua kijana kabla hawajafika katikati. Ndipo nikaongeza maneno mawili. Nani angekagua? Makabati ya kumbukumbu ya klabu ile yaliungua zamani.

Katibu wa klabu alijibu siku ile ile: "Hatukujua tuna mtu wa namna hii! Alhamisi jioni, kwenye mkutano wa mtandaoni, wajumbe watapenda kumsikia kuhusu hiyo misimu saba."

Nilijiambia ni maneno mawili tu. Nikajiambia kijana naye lazima ameongeza. Nikajiambia kocha akiulizwa hatakana, kwa adabu. Halafu nikajiuliza, na akikana?

Mama alirudi kutoka zamu ya nyumba ya wazee, akanawa mikono mpaka viwikoni, akanikuta nimeikodolea macho simu.

"We mtoto, chai imeota ngozi. Kuna nini?"

Nikamweleza. Alikaa chini bila kuvua koti.

"Unamkumbuka yule jirani yetu kule kambini, wa mlango wa bluu? Mpwa wake ndiye alimjazia fomu ya kwenda ng'ambo. Akaandika mjomba ni mwalimu, eti wazungu wanapenda walimu. Na mjomba alikuwa anapiga kengele ya shule tu. Siku ya interviu wakamuuliza alifundisha somo gani."

"Akasema nini?"

"Angesema nini? Dosiye, faili lake, ikalala. Mpaka tunapanda ndege ilikuwa imelala."

"Mama, hii si kambi. Ni mpira."

"Basi kunywa chai, ukalale." Akanitazama. "Huwezi, eh?"

Jumatano tulikutana uwanjani kama kawaida. Kocha alikuwa amenyoa ndevu. Nilielewa kwamba ni kwa ajili ya mkutano wa kesho yake. Shuti lake la tatu lilipita chini ya mkono wangu.

"Kasimame pale."

Nilikwenda. Yeye akaingia golini, mtu mfupi kuliko nilivyozoea kumwona, magoti yamepinda, mikono imefunguka, akisubiri mpira nisioupiga. Nikawaona wajumbe wa kamati wamesimama hapa nilipo, na yeye pale peke yake, akilinda kitu asichojua kwamba nimekiacha wazi.

"Kocha, niliandika kwamba ulikuwa namba moja. Nimeshatuma."

Akavua glavu, kidole kimoja kimoja.

"Namba moja alikuwa rafiki yangu," alisema. "Alikufa baridi ya kwanza ya vita, anatafuta maji. Alikuwa na mke, hakuwa na mtoto. Wanaomkumbuka langoni tumebaki wawili, labda watatu." Akageuka kuitazama nyavu. "Umeniweka mahali pake."

Nilianza kuomba radhi kwa maneno mengi, kama kawaida yangu. Akainua mkono.

"Sikusikii, helikopta."

Haikuwepo helikopta. Alichukua mpira, akaniambia saa yetu imekwisha, nayo ilibakisha dakika ishirini. Hakuniambia nifute wala niache. Alipofika kwenye lango la uwanja alisimama, akasema bila kugeuka, "Ukifuta, watamchukua kijana." Akaenda.

Aliyoyasema yalikuwa kweli, na ndiyo yaliyonishika mpaka alfajiri. Nikifuta, nitamwondolea kazi kwa mkono ule ule nilioutumia kumwombea. Nikiacha, kesho jioni atakuwa na njia mbili: kuniita mwongo mbele ya watu, au kukaa kwenye kiti cha marehemu na kujibu maswali yake.

Alhamisi, mapumziko ya mchana, nilikaa kwenye ngazi za nyuma za ghala, nikaandika upya kwenye simu. Misimu saba, kipa wa akiba, mechi kumi na moja. Niliandika magoli yote kumi na tisa, kila moja mstari wake: mpira ulikotoka, mguu ulikokuwa, kosa lilikuwa lipi. Chini nikaandika kwamba makipa wanne wa klabu yetu sasa wanajua kuyaona makosa yao kutoka alipo mpigaji, na kwamba hilo tulifundishwa na yeye. Juu kabisa nikaandika kwamba maneno "namba moja" ni yangu, kwamba mwombaji hakuyaona kabla sijayatuma, na kwamba nafasi hiyo ilikuwa ya mtu mwingine, ambaye amefariki.

Niliogopa kujificha nyuma ya barua pepe, nikampigia katibu kumweleza kabla ya kutuma.

"Unaelewa hii inaweza kumharibia?" aliuliza.

"Naelewa."

"Wajumbe walishaanza kumpenda."

"Walimpenda mtu mwingine," nilisema. "Naomba muusome huu mpya, na ule wa kwanza muufute."

Nikasikia mtoto wake akimwita. "Tuma," alisema.

Nikatuma. Nakala nikaipeleka kwa kocha, maana hata kama hawezi kuandika Kiingereza, namba kumi na moja na kumi na tisa anaweza kuzisoma. Kengele ya kurudi kazini ikalia, nikavaa barakoa na kuingia ndani.